Jicho la Kushoto la Phineas Shitanda

Saa moja asubuhi, uwanja wa Khayega umekwisha kujaa watu, na umande bado haujakauka kwenye nyasi. Ngoma za isukuti zinalia kutoka pande mbili. Mafahali wawili wameletwa, kila mmoja na kundi lake la waimbaji, na sasa wanatazamana huku wakichimba udongo kwa kwato.

Umati wote unarudi nyuma. Mtu mmoja anasonga mbele.

Ni mwanamume mfupi, mpana wa mabega, aliyevaa koti la kaki na viatu vya raba. Kwenye jicho lake la kushoto amebana kamera ya sinema, ile ya chuma inayotiwa ufunguo kama saa ya mezani. Jicho la kulia limefumba, na kovu limeshuka kutoka kwenye nyusi hadi shavuni.

Mafahali wanavaana. Pembe zinagongana kwa mlio wa shoka kwenye gogo kavu. Yule mweusi anazidiwa nguvu, anaanza kurudi kinyumenyume, na anakorudi ndiko aliko mtu wa kamera.

"Toka! Wewe, toka hapo!" watu wanapiga kelele.

Mwandishi wa makala haya, ambaye alikuwa amesimama mbali zaidi, amekwisha kurukia mtaroni. Mpiga picha hatoki. Amepiga goti, anajisogeza kando kidogo tu, na kamera haibanduki usoni. Kwato za nyuma za fahali zinapita karibu naye kiasi kwamba udongo unamrukia kifuani. Halafu ufunguo unaisha, kamera inanyamaza, naye anainuka, anajikung'uta na kuanza kuutia upya kana kwamba yuko sebuleni kwake.

"Mmeona yule mweusi alivyoinamisha kichwa kabla hajaachia?" anatuuliza, jasho likimeta usoni. "Kama mtu aliyekumbuka jambo."

Hatukuona. Tulikuwa mtaroni.

Huyo ndiye Phineas Shitanda, mzaliwa wa Shinyalu, mwenye umri wa miaka thelathini na tisa. Wengi wa wasomaji wetu wenye televisheni wameona kazi yake bila kujua jina lake, kwa kuwa jina la mpiga picha hupita haraka mwishoni, wakati watu wanainuka kwenda kulala. Ameshika kamera katika sinema za wageni, katika habari, michezo ya kuigiza, mpira na vipindi vya shule. Na kwa miaka minne sasa, ana jicho moja tu.

Alianza kwa kusema, si kwa kupiga picha. Mwaka 1954, akiwa ameacha shule baada ya baba yake kufariki, aliajiriwa kwenye gari la sinema la serikali, lililozunguka masokoni likionyesha filamu za kuhimiza usafi na kilimo. Kazi yake ilikuwa kushika kipaza sauti na kuwatafsiria watu kwa Kiluhya yaliyokuwa yakisemwa kwa Kiingereza.

"Tulikuwa tunaendanga mpaka mahali gari lilikuwa linasukumwa na watu," anakumbuka. "Tunafunga kitambaa cheupe kati ya miti miwili, tunangoja jua lizame. Mtu wa kwanza akitokea pale kitambaani, wamama wanapiga kelele. Mimi mwenyewe nilikuwa natetemeka. Nilikuwa nimeiona filamu hiyo jana na juzi, lakini nilikuwa natetemeka tu."

Jambo moja lilimsumbua. Watu wote waliotembea kwenye kile kitambaa walikuwa wa mbali. Walilima mashamba ya mbali na kunawa mikono kwa maji ya mbali. Siku moja, sokoni Shinyalu, bibi mmoja alimuuliza kwa sauti ambayo kila mtu aliisikia: "Mwanangu, sisi hatutoshi kuingia hapo?"

Shitanda anasema swali hilo alitembea nalo miaka mingi.

Mwaka 1959 kampuni ya sinema kutoka Ulaya ilipiga kambi kando ya msitu wa Kakamega. Walitaka miti mikubwa na giza la mchana. Shitanda aliacha kipaza sauti, akaenda kuomba kazi, akapewa ya kubeba masanduku ya kamera. Mkuu wa wapiga picha alikuwa mzungu mrefu mwenye ndevu, mtu mpole, asiyependa kupiga kelele. Aliona kwamba mbebaji wake mmoja, kila masanduku yanapowekwa chini, haendi kivulini na wenzake. Anabaki kuangalia.

"Aliniita, akaniwekea jicho kwenye kamera," Shitanda anasema. "Msitu niliozaliwa kando yake, nilikuwa sijawahi kuuona. Ulikuwa mdogo, unatosha kwenye kiganja, na kila jani lilikuwa na mwanga wake. Niliondoa jicho nikaangalia msitu wenyewe, nikarudisha jicho. Nilisahau kwamba watu wananingoja."

Kuanzia siku hiyo mzungu akamfundisha. Alimpa kwanza kazi ya kupima kwa utepe umbali kati ya kamera na mwigizaji, kisha ya kuzungusha lenzi polepole ili sura isififie mtu anapotembea. Kutoka msituni walikwenda Turkana, kisha Tsavo. Kazi ilipokwisha, mzungu huyo alimwachia kamera yake ndogo kuukuu, ile ile aliyokuwa nayo mbele ya mafahali.

Sinema hiyo ilipoonyeshwa Nairobi, Shitanda alinunua tiketi akaitazama. Ilikuwa nzuri, anasema, na picha alizosaidia kupiga zilimtoa machozi. Lakini watu wa kwao walitokea wakikimbia na mikuki, wakaanguka, basi. Hakuna aliyekuwa na jina. Lile swali la bibi lilikuwa bado pale pale.

Televisheni ilipoanza nchini, yeye alikuwa miongoni mwa vijana Waafrika wachache waliokuwa wamewahi kushika kamera ya sinema, na akachukuliwa. Desemba ya Uhuru, wenzake wote waligombea kupiga picha za sherehe za Nairobi. Yeye aliomba apelekwe Kakamega. Alipiga picha za wanawake wakishuka kutoka Shirere na matawi mikononi, wazee waliovaa makoti ya jeshi la vita vya Wajerumani, na mwalimu mmoja aliyelia bila kujificha.

"Hao sasa waliingia," anasema.

Lakini ukimuuliza siku aliyoielewa kazi yake, hataji Uhuru. Anataja Lugari.

Mwaka 1965 alitumwa huko kupiga filamu ya familia zilizokuwa zimepewa ardhi kwenye mashamba yaliyokuwa ya Wazungu. Alimkuta mkulima mmoja aitwaye Erastus, akilima kwa ng'ombe shamba lake la kwanza maishani. Alimfuata kwa kamera mfereji mzima wa plau. Mwishoni Erastus aligeuka, akaitazama kamera, akacheka na kusema neno. Filamu haikuwa na sauti.

Mwaka uliofuata gari la sinema lilipeleka filamu hiyo Lugari ili wenyewe wajione, na Shitanda akaenda nalo. Hakujua kwamba Erastus alikuwa amekufa kwa ugonjwa wa kifua miezi michache kabla. Jua lilipozama, mashine ikawashwa, na mkulima yule akatokea na ng'ombe wake, mzima, akitembea.

Hakuna aliyepiga kelele. Mlio wa mashine ulisikika kama mvua. Erastus akafika mwisho wa mfereji, akageuka, akacheka, akasema neno lake, akatoweka.

Kutoka katikati ya watu akainuka mjane wake, Nabwire, mtoto mgongoni. Alitembea hadi kwenye gari.

"Mwambieni ageuke tena," alisema.

Filamu ikarudishwa nyuma. Erastus akageuka. Nabwire akaomba tena, ikarudishwa tena. Mzee mmoja wa kanisa alisimama akalalamika kwamba vijana hawa wanafufua watu bila ruhusa ya Mungu, na wengine wakaitikia. Nabwire alimgeukia Shitanda.

"Unajua anasema nini pale?"

"Sijui, mama. Kamera yangu haisikii."

"Anasema, 'Nabwire, letea mgeni maji.' Nilikuwa nimesimama nyuma yako na kibuyu. Mgeni ni wewe."

Shitanda anatusimulia haya nyumbani kwake Shinyalu, ambako tumeketi baada ya vita vya mafahali. Hapo anageuka kuangalia mlango.

"Yale maji niliyanywa," anasema. "Nilikunywa nikarudisha kibuyu, na sikukumbuka hata sura ya aliyenipa. Lakini filamu ilikuwa imekumbuka kila kitu. Siku hiyo nilijua kwamba hiki si kitu cha kuchezea."

Kwa miaka miwili iliyofuata alifanya kazi kama mtu anayefukuzwa. Asubuhi habari, mchana mpira, jioni michezo ya kuigiza ndani ya studio. Ni studio iliyomponza.

Ilikuwa mwaka 1968. Walikuwa wakirekodi mchezo wa kuigiza, na taa kubwa moja iliyokuwa imewaka tangu asubuhi ilipasuka juu yake.

"Nilisikia kama mtu ameangusha sahani," anasema. "Nikasikia joto. Nikaendelea kupiga, maana mwigizaji alikuwa bado anasema. Halafu nikaona picha imekuwa nyekundu."

Madaktari walijitahidi, lakini jicho la kulia halikuokoka. Hilo ndilo jicho alilokuwa akitumia kwenye kamera tangu siku ile ya msituni.

Aliporudi kazini alihamishiwa stoo. Akawa anawagawia wengine lenzi asubuhi na kuzipokea jioni. Anasema hakuna aliyemtukana wala kumcheka. Walimhurumia, na huruma ile ilikuwa mbaya kuliko matusi. Alikuwa akizipangusa lenzi zikarudi safi kuliko zilivyotoka dukani, kisha anazifungia kabatini.

Jicho lililobaki nalo lilimgeuka. Mtu akipoteza jicho moja, dunia hulala bapa kama picha ukutani. Hajui kikombe kiko karibu au mbali. Shitanda alikuwa akijikwaa kwenye ngazi na kupeana mkono na hewa.

Alikuja nyumbani likizo. Mke wake, Khalayi, ni mkulima, mwanamke mrefu mwenye sauti ya chini. Siku hiyo alimwachia mumewe ajimiminie chai mwenyewe. Chai yote ikaenda mezani. Shitanda akaweka birika chini, akainamisha kichwa na kusema kwamba ameamua kuacha kazi. Hata stoo haiwezi tena.

Khalayi anatusimulia yeye mwenyewe kilichofuata, huku akituwekea mezani ugali na kuku, obusuma na ingokho.

"Nilimuuliza, 'Baba Mideva, hiyo kamera yako ina macho mangapi?' Akawa anapangusa meza. Nikamuuliza tena. Akasema, 'Moja.' Nikamwambia, 'Na huwa inamwaga chai?'"

Shitanda anacheka mpaka machozi yanatoka kwenye jicho lake moja. Lakini siku ile, anasema, hakucheka. Aliinuka, akaenda chumbani, akaitoa kamera kuukuu sandukuni.

Kazi iliyofuata ilikuwa ngumu kuliko alivyodhani. Kamera ile imeundwa kwa jicho la kulia. Ukiiweka kushoto, pua inaziba kila kitu na mkono haujui pa kukaa. Likizo yake yote, na kila likizo iliyofuata, alizunguka Shinyalu akijifundisha. Hakuwa na filamu. Alipiga picha na kamera tupu. Aliwalenga wachuma chai, kuku, watu wanaotoka kanisani, vijito, milango. Alibahatisha umbali kwa jicho, kisha akapima kwa utepe kujua amekosea kiasi gani.

"Watu walisema taa ile ilivunja na akili," anasema Khalayi. "Nilikuwa nasikia kisimani. 'Mume wa Khalayi anapiga picha bila filamu.' Niliwaambia, 'Na nyinyi mnaimba kanisani bila kulipwa. Mwacheni.'"

Mwaka 1970 alimwandikia rafiki yake Kimutai, ambaye kazi yake huko Nairobi ni kukata na kuunganisha filamu, akamwomba vipande vya filamu vinavyobaki. Kimutai alivikusanya akavituma kwa basi ndani ya mkebe wa biskuti. Shitanda akavipeleka Khayega, kwenye vita vya mafahali, na kwa mara ya kwanza baada ya miaka miwili akasikia filamu ikipita kwenye kamera yake.

Picha zilikwenda Nairobi, zikasafishwa, zikatazamwa. Wakubwa walizipenda, lakini walitaka kuona kama mtu huyu anaweza kazi ya kila siku. Wakampa mechi ya mpira, akiwa juu ya jukwaa, na lenzi ndefu ya kuvuta vitu vya mbali.

Alishindwa. Halifichi hilo. Mpira ulikuwa ukipaa naye hajui unakuja au unakwenda, na wachezaji wakawa ukungu mtupu. Nusu ya pili alipewa mtu mwingine amalizie.

"Niliteremka jukwaani nikakaa chini ya ngazi," anasema. "Nilijiambia, sasa imeisha, na imeisha mbele ya watu. Lakini nilianza kufikiri. Kule Khayega niliwezaje? Nikagundua: kule nilikuwa karibu. Kitu kikiwa karibu, sihitaji kukipima kwa macho. Nasikia pumzi yake. Najua kiko wapi kama ninavyojua mtoto wangu yuko wapi kitandani."

Kesho yake alikwenda kwa wakubwa wake na ombi moja. Mechi wampe mwingine. Jukwaa na lenzi ndefu wampe mwingine. Yeye wampeleke kwa watu, mahali ambapo anaweza kuwafikia kwa mkono. Walisita, kisha wakamjaribu kwa kipindi cha dakika chache kuhusu wakunga wa Butere.

Walioona kipindi hicho hawakisahau. Kamera ilikuwa karibu na mikono ya mkunga kuliko ambavyo mtu mwenye macho mawili angethubutu. Unaona mishipa ikitulia, vidole vikingoja. Mtoto anapozaliwa, kamera haimkimbilii mtoto. Inabaki kwenye uso wa mkunga, na usoni mwake unaona kwamba mtoto ni mzima.

Kimutai, ambaye alikuja Kakamega wiki hii kuona vita vya mafahali kwa macho yake, anasema katika chumba chake cha kukatia filamu ana mkasi kwa kila mtu, lakini filamu za Shitanda humtia woga.

"Ninashika mkasi, ninaangalia, ninauweka chini," anasema. "Mtu mwingine anakupa picha za kuchagua. Huyu anakupa watu. Utamkata nani?"

Tangu hapo Shitanda amepiga picha za wapasuaji hospitalini, wachonga ngoma, wafungwa wakijifunza kusoma, na mazishi ambayo wenyewe walimwomba aje. Onesmus Shimenga, mwenye fahali mweusi aliyeshindwa asubuhi, anasema hata mafahali wamemzoea.

"Sisi tukiingia pale bila fimbo tunauawa," anasema. "Yeye anaingia na kile kichuma chake. Nimemwona asubuhi nyingi, na bado sielewi. Nadhani fahali anaona mtu anayemheshimu."

Je, Khalayi haogopi?

"Naogopanga," anajibu. "Lakini mliniona mimi zile siku za stoo? Mtu amekaa hapo kwenye kiti, anaangalia mikono yake. Hiyo ndiyo niliogopa zaidi. Fahali najua atachoka aende nyumbani."

Sasa Shitanda anataka kufanya jambo ambalo hajawahi kulifanya: sinema ndefu, hadithi ya kutungwa, iliyotungwa hapa hapa na kuigizwa na watu wa hapa. Ni hadithi ya mama anayetembea kutoka Shinyalu hadi mjini Kakamega akimpeleka mwanawe mgonjwa hospitali. Safari ya siku moja tu. Waigizaji ni wanakwaya, wachuuzi wa soko na wanafunzi wa ualimu. Kila mmoja atakuwa na jina, anasema, hata yule anayepita na baiskeli.

Ataipiga mwezi wa Aprili, mvua inaponyesha kila alasiri. Wenzake wa Nairobi wanamshangaa, kwa sababu wapiga sinema wote hungoja jua.

"Maisha yangu yote nimengojea jua la watu wengine," anasema. "Nimekaa chini ya turubai na wazungu siku nzima, tunangoja wingu lipite. Lakini mama wa Shinyalu mwenye mtoto mgonjwa hangoji wingu. Anatoka. Basi na mimi nitatoka naye. Nimeshashona mfuko wa turubai wa kuvika kamera, na Kimutai atakuwepo kushika mwavuli."

"Sijakubali," Kimutai anasema kutoka upande wa pili wa meza, mdomo umejaa.

Mama wa kwenye hadithi ataigizwa na Jepkemboi, mwanafunzi wa uuguzi kutoka upande wa Nandi, ambaye hajawahi kuigiza. Kila Jumapili anakuja Shinyalu kujifunza kwa Khalayi jinsi ya kumfunga mtoto mgongoni na kupanda vilima vile vyenye utelezi bila kushika kitu. Khalayi anasema amekwisha kuweza, ila bado anatembea kama mtu anayesikia kengele ya wodi.

Mtoto naye amepatikana. Ni wa jirani, ana miezi saba, na mama yake amekubali. Wamemjaribu kwa baridi kidogo, kwa njaa kidogo, kwa kumwondolea kijiko mkononi. Kila mara anaikazia kamera macho, anatabasamu.

"Hadithi inataka alie," anasema Phineas Shitanda, akiwa na wasiwasi kwa mara ya kwanza tangu asubuhi. "Tuna miezi mitatu. Tutaomba Mungu."